Hofu Iliyogawanywa: Michezo ya Kutisha na Thamani ya Mwenzi

Mwaka 2008 kampuni ya Valve ya Marekani ilitoa mchezo wa kompyuta uitwao Left 4 Dead. Wachezaji wanne huingia katika nchi iliyoangamizwa na maradhi, ambamo wagonjwa wamegeuka kuwa mazombi wanaoshambulia makundi kwa makundi, na kazi ya wanne hao ni kupenya hadi kwenye chumba chenye mlango wa chuma. Hadi hapo hakuna jambo geni, kwa kuwa sinema zilikwisha kuzoea wafu wanaotembea. Upya wa mchezo huo ulikuwa katika sharti moja lililofumwa ndani yake. Mchezaji anayerukiwa na kiumbe mwindaji na kukandamizwa chini hawezi kujinasua mwenyewe. Awe hodari kiasi gani, awe na silaha ipi, atabaki akiraruliwa mpaka mwenzake afike.

Wengi waliokulia Tanzania watautambua mpango huo, kwani waliucheza uani jioni bila umeme wala skrini. Katika kombolela, mtoto anayechomoka mafichoni na kukiwahi kituo kabla ya mtafutaji huwafungua wenzake waliokwisha kunaswa. Jina la mchezo lenyewe limetokana na kukomboa.

Michezo ya kutisha inayochezwa kwa ushirikiano sasa ni mingi, na vijana huicheza wakiwa katika nyumba, miji na hata nchi tofauti, wakiunganishwa na intaneti na vipaza sauti. Wazazi huitazama kwa mashaka, na wahudumu wa afya wanapoulizwa kuihusu mara nyingi hutaka kujua jambo moja tu: kijana anacheza kwa saa ngapi? Swali hilo ni la haki. Lakini lina ndugu yake asiyeulizwa, ambaye kwa afya ya akili ana uzito sawa: anacheza na nani?

Hofu inavyofanya kazi mwilini

Kitu cha kutisha kinapotokea ghafla kwenye skrini, sehemu ndogo ya ubongo iitwayo amigdala hupokea taarifa na kupiga kengele kabla akili haijamaliza kutafakari. Mfumo wa neva huamsha tezi za adrenali zilizo juu ya figo, nazo humwaga adrenalini katika damu. Moyo hupiga mbio, pumzi hufupika, mboni za macho hupanuka, viganja hutoa jasho. Hofu ikiendelea, homoni ya kotisoli hufuata na kuuweka mwili katika hali ya tahadhari kwa muda mrefu zaidi. Hayo yote hutokea ijapokuwa mchezaji ameketi kitini mwake, mlango umefungwa na chai iko mezani.

Tofauti kati ya hofu hiyo na hofu ya kweli ni kwamba sehemu ya mbele ya ubongo inajua kuwa hakuna hatari. Mwili unatetemeka, akili inashika hatamu. Tetemeko hilo linapokaa ndani ya mipaka ndipo linapogeuka kuwa burudani. Watafiti wa Chuo Kikuu cha Aarhus, Denmark, walilichunguza jambo hilo katika nyumba ya kutisha ya maonyesho mjini Vejle, na mwaka 2020 wakachapisha matokeo yao. Washiriki 110 walifungwa vifaa vya kupima mapigo ya moyo, kisha wakaulizwa waliogopa kiasi gani na walifurahi kiasi gani. Hofu ndogo haikuwafurahisha, wala hofu iliyopita kiasi. Furaha ilikuwa kubwa zaidi mahali pa katikati.

Waundaji wa Left 4 Dead walilielewa hilo kwa njia yao. Ndani ya mchezo waliweka programu waliyoiita Mwelekezi, ambayo hukadiria shinikizo lililomwangukia kila mchezaji. Shinikizo likifika kileleni, programu hiyo huzuia mashambulizi makubwa kwa muda ili kundi lipumue, kisha huanza kulipandisha upya. Hata huu mchezo wa damu na mayowe umejengwa juu ya kanuni ambayo kila daktari anaijua: mwili umeumbwa kustahimili mshtuko mfupi unaofuatwa na mapumziko, na kinachouchakaza ni msongo usiokwisha.

Mkono wa mwenzi

Mwaka 2006 mwanasaikolojia James Coan na wenzake wa Marekani walichapisha utafiti mdogo ambao umetajwa mara nyingi tangu hapo. Wanawake 16 walioolewa walilazwa katika mashine ya kupiga picha za ubongo, wakaonywa kwamba huenda wakapigwa shoti ndogo ya umeme mguuni. Nyakati nyingine walikuwa peke yao, nyakati nyingine walishikwa mkono na mtu wasiyemfahamu, na nyakati nyingine na waume zao. Sehemu za ubongo zinazoshughulikia tishio zilitulia zaidi mkono ulioshikwa ulipokuwa wa mume, na mkono wa mtu baki ulisaidia kwa kiasi kidogo. Tena, kadiri ndoa ilivyokuwa njema, ndivyo utulivu ulivyozidi.

Tishio halikubadilika katika hali hizo tatu. Kilichobadilika ni nani aliye kando. Wanasayansi hulieleza jambo hilo kuwa ni kinga ya kijamii dhidi ya msongo, na wamelishuhudia kwa wanyama pia. Kila muuguzi aliyewahi kumshika mkono mgonjwa wakati wa kumtoboa mshipa analijua bila kuhitaji mashine.

Katika mchezo wa kushirikiana mkono haupo, ila sauti ipo. Mchezo wa Phasmophobia, uliotolewa mwaka 2020 na studio ya Kinetic Games ya Uingereza, huwatuma watu wasiozidi wanne katika nyumba yenye mzuka wakautambue ni wa aina gani. Kila mmoja ana kipimo cha utimamu wa akili ambacho hushuka anapokaa gizani. Mzuka unapoamua kuwinda, kwa kawaida hauangalii kipimo cha mtu mmoja bali wastani wa kundi zima. Aliyejitenga gizani na kuuacha utimamu wake ushuke huwahatarisha hata wale waliokaa kwenye mwanga. Kwa hiyo wachezaji hujifunza kuulizana hali mara kwa mara: uko wapi, umebakiwa na kiasi gani, rudi nje upumzike. Hayo ni maneno ambayo vijana wengi wa kiume hawaambiani katika maisha ya kawaida. Mchezo unawapa ruhusa ya kusema "naogopa" bila kuaibika, kwa sababu pale kila mmoja anaogopa.

Kutoka burudani hadi mafunzo

Left 4 Dead iliwahi kuvuka mpaka wa burudani na kuingia maabara. Stéphane Bouchard wa Québec, Kanada, pamoja na wenzake, waliwagawa wanajeshi 41 kwa bahati nasibu katika makundi mawili. Kundi moja lilipata mafunzo ya kawaida ya kukabili msongo. Kundi la pili lilifanya mazoezi hayo kwa vipindi vitatu vya nusu saa, likicheza mchezo huo huku vifaa vikifuatilia miili ya wachezaji. Mwili wa mchezaji ulipozidi kusisimka, wekundu ulitanda kwenye skrini na kumzibia sehemu ya kuona, na sauti ya mapigo ya moyo ikaongezeka. Njia ya kusafisha skrini ilikuwa kuutuliza mwili. Baadaye makundi yote mawili yaliwekwa katika zoezi la shambulio la kuigiza. Matokeo yaliyochapishwa mwaka 2012 yalionyesha kwamba waliofanya mazoezi ndani ya mchezo walikuwa na kotisoli ndogo zaidi katika mate yao.

Utafiti huo ni wa watu wachache, wenye kazi maalumu, na waliongozwa na wataalamu. Hauthibitishi kwamba kucheza usiku na marafiki ni tiba. Unaonyesha tu kwamba utulivu ni stadi inayoweza kuzoezwa katikati ya hofu ya kuigiza, na kwamba stadi hiyo yaweza kumfuata mtu nje ya mchezo.

Kimya ni ishara ya hatari

Mwaka 2023 mtengenezaji mmoja mmoja anayejulikana kwa jina la Zeekerss alitoa mchezo wa Lethal Company, ambamo wafanyakazi hutumwa kuokota vyuma chakavu katika majengo yenye viumbe hatari. Humo sauti ya mwenzako hufifia kadiri anavyokwenda mbali, kama ilivyo duniani, na akiuawa sauti yake hukatika hapohapo, pengine katikati ya neno. Hakuna tangazo lolote kwa waliobaki. Wachezaji wazoefu huogopa kimya kuliko kelele, na kwa sababu hiyo husema kila wanachokiona.

Wahudumu wa afya wanaosoma habari hizi watalifahamu kundi la namna hiyo, maana wao hufanya kazi ndani yake kila siku. Chumba cha upasuaji au wodi ya dharura ni mahali ambapo watu wachache, chini ya shinikizo, hutegemea taarifa za wenzao, na mahali ambapo kimya huua. Shirika la Afya Duniani lilipotoa orodha ya ukaguzi wa usalama wa upasuaji mwaka 2008, mojawapo ya hatua zake ilikuwa kuwataka wote waliomo chumbani wajitambulishe kwa jina na kazi kabla ya kisu kugusa ngozi. Orodha hiyo ilijaribiwa katika hospitali 8 za miji mbalimbali duniani, na mmoja kati ya miji hiyo ulikuwa Ifakara, Tanzania. Kwa jumla ya hospitali hizo, vifo baada ya upasuaji vilishuka kutoka asilimia 1.5 hadi 0.8, na madhara makubwa kutoka asilimia 11 hadi 7.

Hakuna anayedai kwamba mchezo wa mizuka ni sawa na orodha hiyo. Kinachofanana ni kanuni. Daktari anapoagiza "miligramu 1 ya adrenalini mshipani", muuguzi huirudia amri hiyo kwa sauti, huitekeleza, kisha hutamka kwamba imekwisha kutolewa. Ujumbe umekwenda, umerudi, umefungwa. Muuguzi mgeni anayeogopa kusema kwamba ameona kasoro ni sawa na mchezaji aliyenyamaza gizani: hatari yake haibaki yake peke yake. Kidole kimoja hakivunji chawa, na kidole kisichosema na vingine hakina faida zaidi ya hicho.

Wanaopaswa kujihadhari

Pamoja na hayo yote, michezo hii haimfai kila mtu.

Katika kila watu 100 wenye kifafa, wapatao 3 huweza kupata degedege kutokana na mianga inayomweka, na hali hiyo huonekana zaidi kwa watoto na vijana. Kukesha pia huchochea degedege. Mgonjwa wa kifafa azungumze na daktari wake kabla ya kucheza, na asicheze akiwa amekosa usingizi.

Aliyepitia vita, ubakaji, ajali mbaya au ukatili mwingine anaweza kurudishwa kwenye tukio lake na sauti au picha moja tu. Hofu yake haina mahali pa katikati, na maneno ya marafiki wanaomhimiza "jikaze" humwongezea jeraha. Anayeona au kusikia visivyokuwapo kwa sababu ya ugonjwa wa akili hafai kuongezewa mizuka ya kompyuta. Kwa baadhi ya hitilafu za kurithi za mapigo ya moyo, sauti ya ghafla yaweza kuamsha shambulio la hatari. Watoto wadogo, ambao bado hawatenganishi vizuri kuigiza na ukweli, hubaki na ndoto mbaya muda mrefu baada ya skrini kuzimwa.

Upo pia uraibu. Toleo la 11 la Uainishaji wa Kimataifa wa Magonjwa, lililoanza kutumika Januari 2022, linautambua ugonjwa wa michezo ya kompyuta kwa dalili tatu: mtu kushindwa kujizuia, kuutanguliza mchezo mbele ya mambo mengine ya maisha, na kuendelea hata baada ya kuona madhara. Kwa kawaida hali hiyo huwa imedumu miezi 12 au zaidi, na huwa imeharibu masomo, kazi au familia. Kucheza sana wakati wa likizo peke yake si ugonjwa.

Maswali ya kliniki

Mzazi anapomleta kijana na kulalamika kuhusu michezo, mhudumu anaweza kuanza na maswali manne yasiyo na hukumu. Unacheza na nani: marafiki unaowafahamu, au watu baki wanaokutukana? Ukiogopa kupita kiasi, unaweza kusema basi, nao wakakusikiliza? Ukimaliza, unapata usingizi? Na wenzako hao, mnazungumza mambo mengine nje ya mchezo?

Majibu yataeleza mengi kuliko idadi ya saa. Kijana anayecheza saa mbili na marafiki watatu wanaomwuliza hali yake, kisha akalala, yumo katika hali tofauti kabisa na yule anayecheza saa hizohizo peke yake usiku wa manane ili asibaki na mawazo yake. Wa kwanza huenda akahitaji tu kukumbushwa muda wa kulala. Wa pili anahitaji mtu wa kuketi naye, na huenda mhudumu aliye mbele yake ndiye wa kwanza kumwuliza.