Kiti Kilichowagombanisha Ndugu

Takriban mwaka 321 kabla ya kuzaliwa Nabii Isa (AS), Chandragupta aliasisi dola ya Maurya huko Bara Hindi. Alirithiwa na mwanawe, Bindusara. Huyu alipofariki, masimulizi ya Kibudha yanasema wanawe waligombania kiti hata ndugu wakauana, na Ashoka akaibuka mshindi.

Miaka minane baada ya kutawazwa, Ashoka aliivamia Kalinga. Maandishi aliyoamuru yachongwe mwambani yanakiri kuwa watu 100,000 waliuawa, naye akajuta. Alifariki yapata mwaka 232, na haikutimia nusu karne dola ikaanguka, pale jemadari Pushyamitra alipomuua mfalme wa mwisho, Brihadratha.

Ugomvi wa urithi hauishii katika majumba ya wafalme. Huingia hata nyumba ya vyumba viwili. Ndiyo maana Allah (SW) ameyabainisha mafungu ya mirathi katika Surat An-Nisaa, naye Mtume (SAW) akatuhimiza, mwenye kitu cha kuusia asilale nyusiku mbili bila wasia ulioandikwa. Basi tuandike madeni na amana zetu tungali hai, ili tukiondoka watoto wetu wabaki ndugu.