Waziri kashindwa kesi, kaandika marufuku mpya. Je, kadharau mahakama?

Kuna hoja naisikia sana vijiweni: mahakama ikizuia kanuni ya serikali, halafu waziri akatoa nyingine inayofanana nayo, basi huyo kadharau mahakama, aende ndani. Na mimi nilikuwa naamini hivyo, mpaka nilipoisoma kesi moja ya Marekani.

Tarehe 20 Aprili 2010 mtambo wa kuchimba mafuta wa Deepwater Horizon ulilipuka Ghuba ya Mexico. Watu 11 wakafa, mafuta yakamwagika baharini karibu miezi mitatu. Mwezi Mei, Waziri Ken Salazar (wizara yake inaitwa ya Mambo ya Ndani, ila kule haina habari na polisi, kazi yake ni ardhi na maliasili) akapiga marufuku kwa miezi sita uchimbaji kwenye kina cha zaidi ya futi 500. Mitambo 33 ikasimama. Kampuni ya Hornbeck, yenye meli za kuhudumia mitambo hiyo, ikaenda mahakamani.

Tarehe 22 Juni Jaji Martin Feldman wa New Orleans akatoa zuio: marufuku ile isitekelezwe, maana sababu zilizotolewa hazikutosha kusimamisha mitambo yote. Siku hiyo hiyo Salazar akatangaza kwamba atatoa nyingine! Kweli bwana, 12 Julai akaifuta ya kwanza akaleta ya pili. Maelezo yaliongezeka, lakini waliobanwa ni karibu wale wale.

Februari 2011 Feldman akasema hii ni dharau, na serikali ikatakiwa kuilipa Hornbeck gharama za mawakili, zaidi ya dola 500,000. Ningekuwa mimi jaji ningekasirika pia.

Lakini Novemba 2012 mahakama ya rufaa ikatengua, majaji wawili kwa mmoja. Wale wawili walirudi kwenye maneno ya zuio lenyewe. Lilikataza kutekeleza marufuku ya Mei. Hakuna mahali liliposema waziri asitoe mpya. Huwezi kumwadhibu mtu kwa kukiuka kitu ambacho jaji alikuwa nacho moyoni tu, hakukiandika. Yule wa tatu aliona serikali ililikwepa zuio kwa makusudi.

Mimi niko na wale wawili, shingo upande. Marufuku ilikwama kwa sababu maelezo yake yalikuwa mabovu. Ukisema waziri asirudi kuandika mengine, umemfungia kazi yake, na hapo watu 11 wameshakufa. Anayeona mpya nayo ni mbovu aishtaki hiyo mpya, au aombe zuio pana tangu mwanzo.

Kinachoniuma ni muda. Marufuku ya pili iliondolewa Oktoba 2010, hata kabla Feldman hajatamka neno dharau. Hornbeck walishinda Juni, meli zikaendelea kukosa kazi, na mwishowe hata hela ya mawakili hawakuipata.