Mapenzi, Vita na Kufukuzwa Kwenu: Stori ya Watalai wa Kericho Venye Ilienda

Kama wewe ni wa zile series za mapenzi wakati wa vita, ile chali anapelekwa mbali na dem anabaki akilia, usisumbuke kutafuta yako Ulaya. Panda mat Kericho, shika njia ya Litein hadi Bomet, kisha angalia dirishani. Hayo majani chai yote yamekatwa kama zulia yako na stori nzito chini yake. Wacha tuifungue mos mos.

Watalai ni nani?

Talai ni ukoo ndani ya Wakipsigis na Wanandi. Kwa huo ukoo ndio alitoka orkoiyot, kiongozi wa kiroho. Vijana hawangetoka kwenda vita kabla ya baraka zake.

Kwa Wanandi, orkoiyot Koitalel arap Samoei alipinga Mwingereza na reli yake kwa miaka kama kumi. Tarehe 19 Oktoba 1905 aliitwa kwa maongezi ya amani, na Richard Meinertzhagen akammaliza kwa risasi. Mwaka huo huo Waingereza walituma jeshi Sotik, ambayo leo iko Bomet. Watu wengi waliuawa, ng'ombe wakachukuliwa.

Kwa Wakipsigis, orkoiyot alikuwa Kipchomber arap Koilege, ndugu ya Koitalel. 1914, mwaka ule Vita vya Kwanza vya Dunia vilianza, mkoloni alimtoa Kericho pamoja na nduguze wawili, akawapeleka pande za Murang'a na Nyeri. Kipchomber alifia huko. Nyumbani hakurudi.

Chai nayo iliingia aje?

Hapa ndio vita vya wazungu vinaingia kwa shamba la Mkipsigis. Baada ya vita kuisha, mwaka wa 1919, serikali ilitenga kama ekari 25,000 hapo Kericho kwa maafisa wa jeshi la Uingereza walioumia vitani. Wakajaribu kupanda kitani, ile mmea ya kutengeneza nguo. Bei ikaanguka, mradi ukakufa. Lakini ardhi haikurudi kwa wenyewe. Katikati ya miaka ya 1920 kampuni kama Brooke Bond na James Finlay ziliingia na chai, na chai ndio iko mpaka leo.

1934: sheria ya kufukuza ukoo

Mkoloni alisema Watalai ndio wanachochea wizi wa ng'ombe na fujo karibu na mashamba ya wazungu. Mwaka wa 1934, wakati gavana alikuwa Joseph Byrne, ikatungwa sheria ya kuwaondoa. Soma hiyo tena polepole. Haikuwa sheria ya kushika mwizi fulani. Ukiwa umezaliwa Talai, hiyo ilitosha.

Watu kama 700, wazee, wamama na watoto, walipelekwa Gwassi, kando ya Ziwa Victoria, leo ni Homa Bay. Kericho iko juu, ni baridi, mbu si wengi. Gwassi ni joto, na wakati huo ilijaa malaria na mbung'o. Mwili uliozoea baridi ya mlimani haukuwa umezoea malaria. Watu walikufa, mifugo pia.

Sasa mapenzi yanaingia wapi?

Angalia venye Wakipsigis huoana, utaona uchungu wenyewe.

Kwanza, ukoo mmoja hauoani. Maana yake kila bibi wa Mtalai alikuwa ametoka ukoo mwingine. Huyo mama hakuzaliwa Talai, lakini amri ilipofika, swali lilikuwa ni moja: umfuate mzee wako na watoto, ama ubaki karibu na mamako? Ukienda, kwenu huwezi kurudi vile unataka, ju kutoka Gwassi ilihitaji ruhusa.

Pili, fikiria kijana amekua Gwassi. Majirani wake ni wa ukoo wake, yaani hao ni dada zake. Dem wa kuoa yuko Kericho, mahali sheria imemkataza kuenda.

Tatu ni mahari. Kwa Wakipsigis mahari ni ng'ombe. Mbung'o ikimaliza ng'ombe, haimalizi tu maziwa ya mursik. Inamaliza arusi ya kijana wako.

Na hii yote ikiendelea, Vita vya Pili vikaanza 1939. Vijana wa Kipsigis na Nandi waliandikwa KAR, wakapigania mfalme hadi Ethiopia na Burma. Serikali moja, jamii moja: huyu anapewa bunduki ya kuitetea, yule amefungiwa kando ya ziwa.

Walirudi?

Waliobaki walirudi 1962, Uhuru ukikaribia. Shida ni walirudi kupata mahali pao pameenda. Familia nyingi zilibanana Kericho mjini, kwa kijiji kinachoitwa Talai, na kuna wenye bado wanangoja shamba.

2021, wataalamu wa Umoja wa Mataifa waliandikia Uingereza kuhusu hii maneno. 2022, kesi ikapelekwa Mahakama ya Haki za Binadamu ya Ulaya. 2023, Mfalme Charles alikuja Kenya, akasema anasikitika kwa maovu ya ukoloni. Msamaha rasmi hakuomba.

Kwa nini uharakishe

Sikumaliza chuo, lakini hii hesabu haihitaji digrii. Mtoto aliyekuwa na miaka mitano 1934 alizaliwa 1929. Kama yuko hai, amepita miaka 90. Aliyezaliwa Gwassi 1950 yuko juu ya 70. Mafaili ya mkoloni yanaweza kukuambia nani alihamishwa na lini. Hayawezi kukuambia shosh aliaga mamake akisema nini.

Kwa hivyo kama unaandika, unashoot filamu ama una simu tu yenye inarekodi, na kwenu ni Kericho ama Bomet, wikendi hii keti na kogo wako. Usianze na vita. Muulize alipatana aje na guka, na walikuwa wanaishi wapi wakati huo.