Koo, Neli na Kufyonza: Istilahi za Kumwangalia Mgonjwa Apumuaye kwa Shingo

Katika makala haya tunakusudia kufafanua istilahi chache zihusuzo mgonjwa aliyetobolewa shingo ili apumue. Katika Wilaya ya Karagwe na ile ya Kyerwa, iliyomegwa kutoka Karagwe mwaka 2012, wengi huzungumza Kinyambo nyumbani, na muuguzi huwaelekeza jamaa za mgonjwa kwa Kiswahili. Maelekezo yakiwa na utata, madhara humfika mgonjwa.

Kwanza ni koo. Twasema mwiba umekwama kooni, na pia moshi umekaba koo. Neno moja labeba njia mbili. Kitaalamu njia ya chakula ni umio, na njia ya hewa ni trakea. Aliyeambiwa "msafishe koo" aweza kusafisha kinywa huku tundu la shingoni likiziba.

Pili ni neli, yaani bomba fupi likaalo katika tundu hilo. Hospitalini huitwa mpira. Lakini mpira ni pia ule wa mkojo na ule wa kulishia. Tunapendekeza neli kwa kile kikaacho shingoni, na mrija kwa kile kiingizwacho ndani yake na kutolewa.

Tatu ni kufyonza, yaani kuondoa makohozi kwa mrija uliounganishwa na mashine. Wengine husema kuvuta. Neno hili ni la hatari: aliyeambiwa "vuta" aweza kuing'oa neli yenyewe. Nyuki hufyonza maji ya ua bila kuling'oa ua. Maana hiyo ndiyo itakiwayo.

Fasili ya kufyonza haikamiliki bila masharti yake. Mikono inawiwe. Unene wa mrija usizidi nusu ya upana wa ndani wa neli. Mrija uingizwe bila kufyonza, ufyonze wakati wa kutolewa tu, na tendo lisizidi sekunde 10 hadi 15, kwa kuwa pamoja na makohozi hutoka hewa ya mgonjwa. Aidha, hewa isipopita kwenye nyuzi za sauti mgonjwa hawezi kuita, apewe kengele.

Tunawaomba wauguzi wa Nyakahanga, Isingiro na kwingineko wayapime maneno haya kazini, kwani istilahi isiyoeleweka kando ya kitanda haijawa istilahi.