Bawa Ndilo Linalotua

Swali limerudi tena, safari hii kutoka kwa mtu aliyesoma fizikia hadi kidato cha sita: ikiwa F-15 inaweza kuruka kwa mara mbili na nusu ya kasi ya sauti, inapotua si itakuwa inapita mbio za kutisha? Kabla yake alikuwepo aliyetaka nimpe namba moja tu, "spidi ya kutua ya ndege ya kivita". Kabla ya huyo kulikuwa na mwingine aliyenihakikishia kwamba ndege hizi hugusa lami kwa kilomita 500 kwa saa, na kwamba parachuti ile ya mkiani ndiyo pekee inayowaokoa marubani. Nafundisha mambo ya mabawa na mikondo ya hewa, na swali la kweli silichoki. Hili sasa si swali. Ni imani, na imani haiondoki kwa jibu la mstari mmoja.

Tuanze na namba. F-16 inayorudi ikiwa na mafuta kidogo na bila mabomu huikaribia njia ya kutulia kwa kilomita 250 hadi 280 hivi kwa saa. F/A-18 inayorudi kwenye manowari ya kubebea ndege iko humohumo. Sasa nenda kasimame karibu na uwanja wa Julius Nyerere au Jomo Kenyatta, utazame Boeing 737-800 iliyojaa abiria ikiteremka. Nayo inakuja kwa kilomita 250 hadi 280 kwa saa. Mama aliyeketi dirishani na mtoto mapajani anatua kwa kasi ileile ya rubani wa kivita. Hakuna ndege ya kivita iliyo kazini leo inayotua kwa kilomita 500 kwa saa. Matairi yake yangepasuka vipandevipande kabla breki hazijaguswa.

Kasi ya kutua huamuliwa na mambo manne: uzito wa ndege saa hiyo, ukubwa wa bawa, umbo la bawa pamoja na pembe inayolikabili hewa, na uzito wa hewa yenyewe. Fungua hesabu yoyote ya nguvu inayoinyanyua ndege, utayakuta hayo manne. Kasi ya juu kabisa ya ndege hutaikuta. Haimo. Kasi ya kutua ni ile kasi ndogo ambayo bawa bado linaweza kuubeba mzigo wake, ukiongeza akiba kidogo ya usalama. Ndege ilikuwa ikipasua anga kwa kasi gani nusu saa kabla, bawa halina habari.

Tupime. Boeing 737-800 inaruhusiwa kutua ikiwa na tani 66 hivi, juu ya bawa la karibu mita za mraba 125. Kila mita ya mraba inabeba zaidi ya kilo 500. F-15 inayorudi na tani 16 ina bawa la mita za mraba 56, hivyo kila mita inabeba chini ya kilo 300. Kwa mizani hiyo peke yake, ni ndege ya abiria iliyopaswa kutua kwa kasi zaidi. Inayoiokoa ni flapu: vile vipande vinavyochomoza nyuma na mbele ya bawa, ambavyo abiria huviona vikijikunjua na kusikia mngurumo wake sakafuni. F-15 ina flapu ndogo za kawaida nyuma, na ukingo wa mbele wa bawa lake hausogei kabisa. Haihitaji zaidi ya hapo, kwa kuwa bawa lenyewe ni kubwa.

Ushahidi unaoniridhisha zaidi uko darasani kwao wenyewe. Marubani wa kivita wa Marekani wamefunzwa kwa miongo mingi kwenye T-38, ndege nyembamba yenye bawa lisilofika mita za mraba 16, ambayo kasi yake ya juu ni kama mara 1.3 ya kasi ya sauti. Katika hatua ya mwisho kabla ya kutua, T-38 huja kwa karibu kilomita 290 kwa saa, na zaidi ikiwa bado ina mafuta mengi. Mwanafunzi akihitimu na kuhamia F-16 au F-15, ndege zenye kasi kubwa zaidi angani, kwa kawaida anajikuta anatua polepole kuliko alivyokuwa akitua shuleni. Kama imani ile ingekuwa kweli, jambo hili lisingewezekana.

Basi imani ilitoka wapi? Haikuzuliwa. Ilikuwa na chembe ya ukweli miaka ya 1950, na chembe hiyo imeendelea kuishi baada ya sababu yake kufa. Injini za wakati ule zilikuwa na nguvu kidogo. Aliyetaka kufika mara mbili ya kasi ya sauti alilazimika kulipunguza bawa mpaka karibu liishe. F-104 Starfighter, iliyoruka mara ya kwanza mwaka 1954, ina bawa la mita za mraba 18 tu, na ukingo wake wa mbele ni mkali kiasi kwamba mafundi waliuvika kifuniko ndege ikiwa imeegeshwa, usije ukamkata mtu. Ilikuwa ikija kutua kwa zaidi ya kilomita 300 kwa saa, tena baada ya kusaidiwa kwa hewa iliyovutwa kutoka kwenye injini na kupulizwa juu ya flapu. Rubani aliyepunguza injini kwa ghafla alikuwa ameuondoa msukumo na mnyanyuo kwa mkono mmoja. Majeshi ya Ujerumani Magharibi yalinunua ndege hizi 916, yakapoteza karibu 300 pamoja na marubani zaidi ya 100. Si wote waliokufa wakitua. Wengi walikuwa wakiruka chini sana katika hali mbaya ya hewa ya Ulaya. Lakini sifa ya ndege ile ilienea dunia nzima, na watu wakajifunza somo lisilo lake. Kosa lilikuwa udogo wa bawa. Wao wakasema ni kasi.

Kisha mambo yakabadilika, kwa sababu mbili. Mapigano ya angani juu ya Vietnam yaliwaonyesha Wamarekani kwamba ndege isiyoweza kukata kona kali huuawa na ndege ya polepole inayoweza. Na injini za miaka ya 1970 zilikuwa na msukumo mkubwa hata zikaweza kubeba bawa pana na bado kuvuka kasi ya sauti mara mbili. Bawa linalokata kona kali ndilo hilohilo linalotua polepole, kwa kuwa kazi ni moja: kutoa mnyanyuo mwingi. Ndiyo maana F-15 iliyoruka mwaka 1972, F-16 ya mwaka 1974 na babu wa Su-27 wa mwaka 1977 zote zina mabawa mapana kuliko lile la Starfighter. Su-30 ambazo Uganda ilizipokea kuanzia mwaka 2011 zina mita za mraba 62 za bawa. Wachina nao walipoichukua J-7, inayotokana na MiG-21 na ambayo familia yake Tanzania imeitumia, na kuunda J-7E, waliliacha bawa la pembetatu tupu, wakalipanua nje na kulivunja pembe. Kasi ya juu ilibaki palepale, karibu mara mbili ya kasi ya sauti. Kilichoboreka ni ukataji kona na tabia ya ndege inapokwenda polepole.

Mwewe anayeporomoka kuchukua kifaranga ndiye huyohuyo anayetua taratibu juu ya tawi. Ametanua bawa na kulisimamisha. Mtoto wa kijijini ameliona hilo. Sijui kwa nini mtu mzima mwenye cheti analikataa likifika kwenye chuma.

Nije kwa yule anayetaka namba moja. Haipo, hata kwa ndege moja, hata kwa siku moja. Ndege ikipungua uzito kwa asilimia 20, kwa kuchoma mafuta na kudondosha silaha, kasi yake ya kutua inapungua kwa asilimia 10 hivi. Kwa hiyo rubani wa kivita haikimbizi namba ya spidi. Anaishika pembe: ile iliyopo kati ya bawa na hewa inayolijia. Kwenye F/A-18 ni kama nyuzi 8. Kwenye F-16 ni nyuzi 11 hadi 13, na akizidisha mpaka karibu na 15 bomba la injini linaikwaruza lami. Mbele ya macho yake kuna taa ndogo zinazomwambia pembe imezidi, imepungua au iko sawa. Akiishika pembe sahihi, spidi inakuja yenyewe kulingana na uzito alionao. Spidi ni jibu la hesabu, na wewe unanitaka nianze nalo.

Na hapa ndipo ulipo ugumu halisi, ambao hakuna anayeniuliza. Ndege ikiwa na pembe kubwa na kasi ndogo, ukinzani wa hewa huongezeka kadiri inavyozidi kupunguza mwendo. Inahitaji injini zaidi ili iende polepole zaidi. Rubani akiinua pua ili asishuke, bila kuongeza injini, anashuka zaidi. Januari 1956, kwenye kituo cha Edwards huko California, F-100 iliingia katika mtego huo mbele ya kamera: ikasimamia mkia wake, moto wote wa injini ukiwaka, ikayumba kulia na kushoto juu ya uwanja, kisha ikaanguka na kumuua rubani. Filamu hiyo ingali inaonyeshwa kwa wanafunzi. Ndege ile haikuwa na kasi kupita kiasi. Ilikuwa na kasi ndogo mno.

Kompyuta zimepunguza sana hatari hii. Ndege za leo hukataa amri ya rubani inayotaka kuvuka pembe salama, na Super Hornet ina mfumo unaorekebisha flapu na injini wenyewe wakati wa kuikaribia manowari. Lakini kompyuta ilikuja na ugonjwa wake. Januari 1974 F-16 ya majaribio, ikikimbizwa tu juu ya lami, ilianza kuyumba upande huu na huu hadi ikaupiga mkia wake chini. Rubani akaamua kuirusha ili kuiokoa. Februari 1989 Gripen ya kwanza ilipindukia Linköping, Sweden, ikitua, na rubani akanusurika. Mwaka 1992 YF-22 ikaanguka chini Edwards na kuserereka juu ya tumbo lake. Zote zilikuwa karibu na ardhi, kwa mwendo mdogo, na chanzo kilikuwa cha aina moja: mkono wa rubani na kompyuta vikifukuzana, kila kimoja kikisahihisha kosa la mwenzake kwa kuchelewa. Programu ziliandikwa upya. Anayetaka kujua kama ndege fulani ni ngumu kutua, aulize kuhusu hilo.

Kuna pia dawa ya kienyeji ya "ongeza spidi kidogo kwa usalama", ambayo husikika hata kwa marubani wa ndege ndogo. Kasi ikizidi kwa asilimia 10, nishati ambayo breki zinapaswa kuimeza inazidi kwa asilimia 21, na kabla ya hapo bawa linakataa kutua: ndege inaelea, na lami inaisha chini yake. Mwinuko nao hutoza kodi hiyohiyo bila kuulizwa. Nanyuki, zilipo F-5 za Kenya, ni karibu mita 1,900 juu ya usawa wa bahari. Kipimo cha spidi kinasoma kama kingesoma Mombasa, lakini hewa ni nyepesi, kwa hiyo ndege inapita juu ya lami kwa kasi inayozidi kwa asilimia 10 hivi. Jua la mchana linaongeza tena.

Kusimama sasa, kwa haraka. F-16 ikigusa lami, rubani huendelea kuiinua pua, bawa na tumbo vikiwa ndiyo breki, mpaka mwendo upungue na pua ishuke yenyewe. Ndipo breki za magurudumu. Gripen huvilaza vibawa vyake vya mbele vikaibana ndege chini, na iliundwa itue hata kwenye barabara ya gari yenye mita 800. Parachuti ipo kwenye MiG-21 na Su-27, na ilikuwepo kwenye F-16 za Norway, ambako lami huwa na barafu, hadi zilipostaafishwa mwaka 2022. Inafunguliwa baada ya kugusa, inaokoa breki na matairi, na upepo wa ubavu ukiwa mkali inatupwa kwa sababu inauvuta mkia. Ndege nyingi za Marekani zina ndoano ya kukamatia waya, hata zile za nchi kavu, kwa siku ya dharura. Manowarini waya ndiyo njia ya kawaida, na rubani husukuma injini hadi mwisho palepale magurudumu yanapogusa, ili ndoano ikikosa waya zote aweze kuondoka tena. Ukiona ndege imekuja juu mno au kwa mbio, jibu ni kuondoka na kuzunguka upya. Na breki zikishapata moto, ndege inaegeshwa mbali na nyingine, wahudumu wanaisogelea kutoka mbele au nyuma, kamwe si ubavuni mwa magurudumu, kwa kuwa tairi na rimu vikipasuka vipande hurukia upande huo.