Jukwaa si mbao, ni masikio

Kila nifundishapo pragmatiki, huwauliza wanafunzi wangu swali lionekanalo kuwa la kitoto: usemi huwa usemi lini? Aghalabu hunijibu kwamba ni pale mtu afumbuapo kinywa. Jibu hilo ni nusu. Usemi hukamilika upatapo sikio. Ili kulieleza dai hili, huwasimulia maisha ya mwigizaji mmoja wa iliyokuwa Czechoslovakia, Vlasta Chramostová.

Bibi huyu alizaliwa mjini Brno tarehe 17 Novemba 1926. Watazamaji wa filamu humkumbuka hasa kwa Spalovač mrtvol, kazi ya mwelekezi Juraj Herz ya mwaka 1969. Humo yeye ni Lakmé, mke wa mchoma maiti aliyelewa itikadi ya Wanazi hata akamuua mkewe kwa sababu ya damu yake ya Kiyahudi. Lakmé hasemi mengi, lakini hofu yake twaisoma machoni.

Majeshi ya Kisovieti na washirika wake yalikuwa yameivamia nchi hiyo Agosti 1968. Chramostová alikataa kuuita uvamizi huo msaada. Mwanzoni mwa miaka ya 1970, milango ikaanza kufungwa mmoja baada ya mwingine: filamu, runinga, redio, na hatimaye majukwaa.

Je, mwigizaji asiye na jukwaa ni mwigizaji? Alijibu kwa vitendo. Mwaka 1976 aliigeuza sebule yake jijini Prague kuwa ukumbi, akaanza kwa kuwasomea wageni kumbukumbu za mshairi Jaroslav Seifert. Mwaka 1977 alitia saini Mkataba wa 77, uliodai haki za binadamu. Mwaka uliofuata akawa mke wa Macbeth katika tamthilia ya Shakespeare iliyofupishwa na Pavel Kohout, mwenziwe akiwa Pavel Landovský. Hapakuwa na pazia wala tiketi. Palikuwa na viti vya nyumbani, na polisi waliowaandama.

Habari hizo zilimfikia Tom Stoppard, mwandishi wa Uingereza aliyezaliwa Czechoslovakia, naye mwaka 1979 akatunga Cahoot's Macbeth. Humo inspekta anavamia onyesho la nyumbani, nao waigizaji wanahamia lugha ambayo maneno yake ni ya Kiingereza lakini maana zake ni nyingine kabisa. Hadhira inaelewa, inspekta amebaki kukodoa macho. Kwetu sisi wanaisimu, hili ni somo tosha!

Lakini asije mtu akadhani nasimulia habari za malaika. Katika miaka ya 1950 Chramostová aliwahi kushirikiana na polisi wa siri, jambo alilolikiri yeye mwenyewe hadharani. Baadhi ya wanafunzi wangu humhukumu hapo hapo. Mimi huwaomba wasubiri. Alijua tofauti ya masikio mawili: sikio la mpelelezi, linalosikiliza ili lishtaki, na sikio la hadhira, linalosikiliza ili lielewe. Alikuwa amelitumikia la kwanza. Akalipa gharama ya miaka mingi ili alitumikie la pili. Wangapi miongoni mwetu hukiri makosa ambayo tungeweza kuyafunika?

Siku alipotimiza miaka 63, tarehe 17 Novemba 1989, wanafunzi wa Prague waliandamana na utawala ule ukaanza kuporomoka. Mama huyu alirejea jukwaani, katika Jumba la Kitaifa la Maigizo, akaendelea kuigiza uzeeni. Alifariki Oktoba 2019.

Walimu wenzangu, tukisikia kilio kwamba shule haina ukumbi na hivyo haiwezi kuwa na tamthilia, tuikumbuke sebule ile. Ukumbi ni jambo jema, tena tuudai. Ila tusiungoje. Watu kumi wakiketi kusikiliza kwa moyo mmoja, jukwaa limekwisha kusimama.