Nyimbo za Kale za Wajerumani: Kipi Kweli, Kipi Uongo?

Umeshasikia, bila shaka, kwamba nyimbo za jadi za Wajerumani zilizaliwa vijijini na zikarithiwa kwa mdomo tu, bibi kwa mjukuu. Tuyapime madai hayo.

“Nyimbo hizo hazina mtunzi.” Uongo, kwa nyingi zinazopendwa. “Stille Nacht”, ule wa Krismasi ambao hata sisi tunauimba kanisani kwa Kiswahili, ulienea Ulaya ukidhaniwa ni wimbo wa jadi wa milima ya Tirol. Mwaka 1854 Berlin iliulizia asili yake, na mwalimu Franz Xaver Gruber akajibu kwa maandishi: maneno ni ya padri Joseph Mohr, mahadhi ni yake mwenyewe, nao uliimbwa mara ya kwanza Oberndorf, Austria, mkesha wa Krismasi wa 1818. “Die Loreley” nao ni shairi la Heinrich Heine, likatiwa mahadhi na Friedrich Silcher.

“Wanazi waliuchapa wimbo huo wa Heine, Myahudi, wakaandika ‘mtunzi hajulikani’.” Hakuna ushahidi. Chuki yao kwake ilikuwa ya kweli kabisa, lakini watafiti waliopekua vitabu vya nyimbo vya enzi hiyo hawakuyakuta maneno hayo.

“Zimetufikia bila kubadilika.” Uongo. Washairi Arnim na Brentano, waliotoa mkusanyo wa nyimbo “Des Knaben Wunderhorn” kati ya 1805 na 1808, walikata beti, wakaongeza, wakatunga upya. Humo ndimo mtunzi wa muziki Brahms alimochota ubeti wa kwanza wa wimbo wake wa kubembelezea watoto, na mama wengi wanauimba wakiamini ni wa mababu.

“Aliye mbali na kwao huzishika zaidi nyimbo za kwao.” Kweli. Katika miaka ya 1920, mtafiti Viktor Zhirmunsky alizunguka makazi ya Wajerumani huko Urusi na Ukraine, wengi wakiwa wajukuu na vitukuu vya wahamiaji, akakuta nyimbo za kale za masimulizi zikiimbwa bado.

“Baada ya 1945 Wajerumani waliziacha.” Nusu kweli. Wanazi walikuwa wamezitumia kuwafunda vijana, na wengi waliona aibu kuziimba. Lakini mwaka 1954, Ujerumani Mashariki, mtafiti Wolfgang Steinitz alianza kuchapisha vitabu vya nyimbo za wakulima na askari waliowalalamikia mabwana zao. Miaka ya 1970 vijana wa Ujerumani zote mbili, Mashariki na Magharibi, walizichukua humo, wakazipigia gitaa.